Fidia kwa Familia Zinazopisha Reli na Barabara



Katika somo la robo hii tunazungumzia familia zinazotakiwa kuhama ili kupisha miradi ya umma. Hapa Kintinku jambo hili si geni. Reli ya kati ilipita hapa hata kabla ya kufika Tabora mwaka 1912, barabara kuu ya Dodoma hadi Manyoni inapita, na mkataba wa kujenga reli ya kisasa kutoka Makutupora, jirani zetu, hadi Tabora ulisainiwa Desemba 2021.

Wengi wetu tunalima mtama, uwele na mpunga katika ardhi tuliyorithi bila karatasi yoyote. Swali la kwanza basi huwa: “Sisi tusio na hati tuna haki gani?” Haki ipo. Mwaka 1994 Mahakama ya Rufani, katika shauri la Mwanasheria Mkuu dhidi ya Lohay Akonaay, iliamua kwamba haki ya ardhi ya kimila ni mali inayolindwa na Ibara ya 24 ya Katiba. Sheria ya Ardhi ya Vijiji ya 1999 ikaipa hadhi sawa na hati inayotolewa na serikali.

Kwa hiyo anayelipwa mazao na ukuta wa tope peke yake amepunjwa. Ardhi yenyewe ina thamani, kwa bei ya soko. Kanuni za 2001 zinaongeza posho ya usumbufu, gharama za kusafirisha mizigo, na kodi ya nyumba ya miezi 36 kwa aliyepoteza makazi. Mwenye kibanda cha biashara hudai faida ya miezi 36. Makaburi nayo yana sheria yake, ya mwaka 1969, ambayo inatambua gharama za kuhamisha na kuzika upya, hata za matambiko. (Wazee wetu hufurahi sana wakisikia hilo.)

Barabarani kuna mtego. Sheria ya Barabara ya 2007 ilipanua hifadhi kutoka mita 22.5 hadi mita 30 kila upande. Aliyekuwapo kihalali katika zile mita 7.5 kabla ya upanuzi anastahili fidia. Aliyeingia baadaye hana dai. Kinachobishaniwa basi ni tarehe, na hapo risiti ya zamani, barua ya kijiji au hata daftari la ubatizo linaloonyesha familia iliishi wapi vinaweza kusaidia.

Tunasisitiza siku ya uthamini, kwa sababu haki nyingi hupotelea hapo. Mthamini anakuja, baba yuko safarini, mama anaambiwa atie dole gumba kwenye fomu asiyoweza kuisoma. Asitie. Asomewe kwanza, miti na vyumba vihesabiwe mbele yake, jina lake na la mumewe yaandikwe, picha zipigwe, nakala ibaki nyumbani. Asiyeridhika aandike pingamizi mapema kwa halmashauri na kwa Mthamini Mkuu wa Serikali. Manung'uniko ya kilabuni hayaingii kwenye faili.

Malipo yakichelewa zaidi ya miezi sita, riba inadaiwa. Kwa Sheria ya Uthamini ya 2016, uthamini uliopita miaka miwili bila malipo hurudiwa.

Mahakama ni hatua ya mwisho, tena ngumu. Anayeishtaki serikali hutoa kwanza notisi ya siku 90, na tangu marekebisho ya 2020 Mwanasheria Mkuu lazima aunganishwe na shauri lifunguliwe Mahakama Kuu. Kwa mjane mwenye ekari mbili huo ni mlima. Malalamiko kwa Tume ya Haki za Binadamu na Utawala Bora hayana gharama hizo, na Sheria ya Msaada wa Kisheria ya 2017 inawatambua wasaidizi wa kisheria wanaoweza kumwandikia barua bila malipo.

Tunaomba kila kamati iteue watu wawili wanaojua kusoma vizuri, wakae na familia siku mthamini anapofika. Wafadhili wanaotuuliza wasaidie nini, tunahitaji nauli, kamera moja na fedha za kutoa nakala za fomu.