Linalowezekana Kwanza, Faida Baadaye: Kusoma Grafu ya Programu Linia

Ukikutana na swali la programu linia, usikimbilie faida. Jiulize kwanza: nini kinawezekana?

Mchukue fundi seremala anayetengeneza meza na stuli. Meza moja inakula mbao 4 na saa 3 za kazi. Stuli inakula ubao 1 na saa 2. Wiki hii ana mbao 32 na saa 34 tu. Idadi ya meza iite x, ya stuli iite y.

Andika masharti yake. Mbao: 4x + y ≤ 32. Saa: 3x + 2y ≤ 34. Halafu ongeza x ≥ 0 na y ≥ 0, maana hakuna meza hasi. Haya mawili ya mwisho husahaulika sana, na ukiyasahau eneo lako litavuka mihimili bila mpaka.

Sasa chora. Kwa muda badilisha ≤ iwe =. Mstari wa mbao unapita (8, 0) na (0, 32). Wa saa unapita (0, 17), lakini kwenye mhimili wa x unakupa 11 na theluthi. Usikadirie theluthi kwa jicho. Tafuta nukta nyingine yenye namba kamili, mfano (10, 2), uunganishe hapo. Alama ikiwa ≤ au ≥, mstari uwe mzima. Ikiwa < au >, uwe wa vipande vipande.

Upande upi unatakiwa? Jaribu (0, 0). Kwenye mbao unapata 0 ≤ 32, kweli, kwa hiyo upande wenye (0, 0) ndio wako. Mstari ukipita (0, 0) yenyewe, jaribu nukta nyingine yoyote iliyo nje ya mstari.

Paka kivuli upande usiotakiwa, isipokuwa swali limeagiza vingine. Ukipaka unaotakiwa, vivuli vinne vitalaliana na hutaona kitu. Ukipaka usiotakiwa, linabaki eneo jeupe, safi, lenye kona (0, 0), (8, 0), (6, 8) na (0, 17).

Eneo hilo jeupe pamoja na kingo zake ndiyo majibu yanayowezekana. Shika hapa vizuri: nukta lazima itimize masharti yote kwa pamoja. Meza 4 na stuli 12? Mbao ni 28, zinatosha. Saa ni 36, zimezidi. Basi haiwezekani, hata kama mbao zimebaki. Meza 5 na stuli 8? Mbao 28, saa 31. Inawezekana. Ukiwa na shaka na mchoro wako, rudisha nukta kwenye masharti namna hii. Hesabu haina penseli butu.

Inawezekana, lakini si lazima iwe bora. Tuseme meza inaleta faida ya shilingi 30,000 na stuli 15,000. Faida kubwa kabisa hupatikana kwenye kona, hivyo pima kona tu: (8, 0) inatoa 240,000, (0, 17) inatoa 255,000, na (6, 8) inatoa 300,000. Fundi atengeneze meza 6 na stuli 8. George Dantzig alitumia wazo hilohilo la kona mwaka 1947 alipobuni mbinu ya simpleksi, kwa maswali yenye herufi nyingi yasiyochoreka kwenye karatasi.

Mteja akidai meza zisizopungua 9, mbao pekee zinakataa. Hapo hakuna eneo jeupe. Andika kwamba hakuna jibu linalowezekana, usilazimishe.

Na saa zikiwa 35? Kona inahamia (5.8, 8.8). Usikadirie tu kuwa (6, 9): mbao zitafika 33 na saa 36, umetoka nje ya eneo. Tafuta nukta za namba kamili zilizo ndani, karibu na kona. (6, 8) na (5, 10) zote zinakubalika, na zote zinatoa 300,000. Fundi achague anayoipenda.