Ruka Kwanza, Pigana Baadaye: Mbinu za Kumzoea Juan

Gemu nyingi za mashujaa hukukabidhi mtu aliyekamilika, misuli imejaa na jina tayari linatisha. Guacamelee!, iliyotolewa mwaka 2013 na Drinkbox Studios, studio ndogo ya Toronto, inakupa Juan: mkulima wa agave huko Meksiko, mmea wa ukoo mmoja na mkonge wetu. Anauawa mapema kabisa, anakwenda kwa wafu, anavaa barakoa na kurudi akiwa mwanamieleka. Barakoa anayo, ujuzi hana. Na wewe pia huna.

Kosa la wengi, mimi nikiwamo, ni kuichukulia kila nguvu mpya kama ngumi. Ifanye mguu kwanza. Nguvu nne kuu zinakaa kwenye kitufe kimoja, tofauti ni uelekeo tu: ukibonyeza pamoja na juu, Juan anapaa na ngumi ya jogoo, upande, anachomoka kama mshale, chini, anashuka kwa kishindo, bila uelekeo wowote, anapiga kichwa. Ngumi ya jogoo inamwangusha adui, sawa, lakini kazi yake kubwa ni kukufikisha kwenye kingo ambayo mruko wa kawaida hauifikii.

Kwa hiyo ukishaivunja sanamu inayokupa nguvu hiyo, na mwenye sanamu, mzee Uay Chivo, nusu mtu nusu mbuzi, akamaliza kukugombeza kwa hasara uliyomtia, usikimbilie vitani. Tafuta ukuta mrefu pasipo na adui. Ruka, acha mwili ufike juu kabisa, ndipo ubonyeze. Anayebonyeza miguu ikiwa ndiyo kwanza inaacha ardhi anapoteza kimo chote cha mruko, kisha analaumu pedi. Ukipata na ule mchomoko wa upande, unganisha: mruko, ngumi, mchomoko. Rudia mpaka kidole kisisubiri amri. Ukitumbukia shimoni unarudishwa karibu na ulipokuwa, basi tumbukia bila aibu.

Rangi nazo zikariri mapema. Jiwe jekundu huvunjwa na ngumi ya jogoo, la kijani na kishindo, la njano na kichwa, la buluu na mchomoko. Baadaye maadui wanakuja na ngao za rangi hizohizo, na hapo hakuna muda wa kuwaza.

Vitani, mpige adui hadi alegee, umkamate, umtupie wenzake. Mtupo mmoja mzuri unapunguza kazi kuliko makonde kumi. Kitufe cha kukwepa kitumie kabla hujaumia; wengi wanakikumbuka damu ikishakwisha.

Panapoanza kuchosha kweli ni kwenye kubadilisha ulimwengu wa walio hai na wa wafu. Adui aliye upande wa pili unamwona kama kivuli: yeye anakupiga, wewe humpati mpaka uvuke. Kuna majukwaa pia yanayoonekana upande mmoja tu, kwa hiyo utalazimika kuvuka ukiwa hewani. Mkicheza wawili, mwenzako akiwa Tostada, mhusika wa mchezaji wa pili, kubalianeni mapema nani atabonyeza kitufe cha kubadilisha ulimwengu. Ukibadilisha wewe, mwenzako naye amebadilishiwa, hata kama ndiyo kwanza anataka kutua kwenye jukwaa ulilolifuta.