SOMO LA SHERIA: UKICHELEWA MAHAKAMANI, HESABU SIKU ZAKO

Ndugu msomaji, tuchukue mfano. Mkulima wa kijiji kimoja cha Bariadi anadaiwa fedha za plau. Mwezi wa Mei yuko shambani anachuma pamba. Tarehe 10 mtendaji wa kijiji anamletea karatasi. Inasema Mahakama ya Wilaya ilikwisha kutoa hukumu tarehe 3 Machi. Asipolipa, mali yake itakamatwa. Mkulima anashangaa: "Mbona mimi sikuitwa?"

Je, mambo yamekwisha? Hapana. Lakini chelewa chelewa utamkuta mwana si wako.

Maneno ya somo

Mdai: anayefungua shauri.
Mdaiwa: anayeshtakiwa katika madai.
Hukumu ya upande mmoja: hukumu iliyotolewa baada ya kumsikiliza mdai peke yake.
Samansi: karatasi ya kuitwa mahakamani.
Kiapo: maelezo ya maandishi ambayo mtu ameapa kuwa ni kweli.
Kukaza hukumu: kutekeleza hukumu, kwa mfano kwa kukamata mali.

Siku 30

Mdaiwa anaweza kuomba hukumu ya upande mmoja ifutwe, ili shauri lisikilizwe upya naye akiwepo. Sheria ya Ukomo ya mwaka 1971 inampa siku 30. Kwa mkulima wetu, siku hizo zilikwisha tarehe 2 Aprili. Alipopata habari alikuwa amekwisha chelewa.

Sheria hiyohiyo inamruhusu hakimu kuongeza muda, hata baada ya siku kwisha, kama ipo sababu ya kutosha. Kwa hiyo mkulima ana kazi mbili. Kwanza aombe kuongezewa muda. Akikubaliwa, ndipo aombe hukumu ifutwe.

Watu wengi huchanganya hapa. Maswali ni mawili, na kila moja lina jibu lake:
1. Kwa nini hukuja siku ya shauri?
2. Kwa nini ulichelewa kuleta ombi?

"Sikupata samansi" ni jibu la swali la kwanza. Linaeleza pia siku ulizokuwa hujui kitu. Lakini halielezi siku ulizokaa baada ya kujua.

Hakimu anatazama nini?

Katika shauri la kampuni ya Lyamuya Construction la mwaka 2010, Mahakama ya Rufani ilieleza mambo ya kutazama. Mwombaji aeleze muda wote aliochelewa. Ucheleweshaji usiwe mkubwa kupita kiasi. Mwombaji aonyeshe bidii, si uzembe. Tena, kama hukumu yenyewe ina kasoro kubwa ya kisheria, hiyo nayo yaweza kuwa sababu. Mahakama hiyo imesema mara nyingi kwamba hata siku moja lazima ielezwe.

Haya tumpime mkulima wetu. Alipeleka ombi tarehe 6 Juni.
- 3 Aprili hadi 9 Mei: hakuwa na habari.
- 10 hadi 19 Mei: alifuatilia nakala ya hukumu mjini Bariadi, akaipata.
- 20 hadi 29 Mei: alilazwa hospitali. Cheti anacho.
- 30 Mei hadi 5 Juni: hakusema kitu.

Umeona? Siku 7 hizo zaweza kumwangusha, ingawa maelezo mengine ni mazuri. Kama siku hizo alikuwa akiandikiwa karatasi zake, basi aseme hivyo katika kiapo. Na aliyemwandikia naye aape.

Sababu ya "sikujua sheria" haikubaliki. "Niliumwa" bila cheti ni maneno matupu.

Fanya hivi

1. Siku ile ile unayopata habari, andika tarehe kwenye daftari. Andika na jina la aliyekuletea.
2. Nenda mahakamani upesi, uombe kwa barua nakala ya hukumu. Baki na nakala ya barua yako yenye mhuri.
3. Tunza vyeti vya hospitali, tiketi za basi na stakabadhi.
4. Ukimtaja mtu katika kiapo chako, kama vile mtendaji, naye aape kiapo chake.
5. Kupeleka ombi peke yake hakuzuii kukaza hukumu. Omba pia zuio.
6. Tafuta msaidizi wa kisheria. Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017 inawatambua.

Mashauri ya Mahakama ya Mwanzo yana kanuni zake. Muulize karani wa hapo siku zako ni ngapi.

Ndugu msomaji, kalamu uliyojifunza kuishika ni ngao yako. Tarehe uliyoiandika leo yaweza kuokoa ng'ombe wako kesho.

Maswali ya kujadili

1. Mkulima angeandika nini kwenye daftari tarehe 10 Mei?
2. Kwa nini cheti cha hospitali hakikutosha kumwokoa?
3. Kijijini kwenu, samansi ikija mwenyewe akiwa shambani, nani huipokea? Je, humfikia?