Karama wa Kusadikika: Uvumbuzi na Urithi Wake
Makala haya yanachunguza uvumbuzi wa Karama, mhusika mkuu wa Kusadikika (1951) ya Shaaban Robert. Katika nchi hiyo ya angani, Karama hakubuni chombo. Alianzisha elimu ya sheria, na kwa hilo Waziri Majivuno akamshtaki. Utetezi wake ni visa vya wajumbe sita waliotumwa mbali, wakarejea na maarifa, wakafungwa. Jina la mmoja wao, Buruhani, lina maana ya uthibitisho: kila kisa kinageuka ushahidi dhidi ya dola yenyewe. Karama anaachiwa huru. Urithi wake ni haki ya mshtakiwa kusikilizwa, suala zito kwa wasomaji wa Tanganyika iliyokuwa ikitawaliwa na Uingereza.