Sauti ya Joan Barry: lafudhi na hadhi katika filamu Blackmail (1929)

Katika isimujamii tunafundishwa kwamba lafudhi humtambulisha msemaji: atokako, tabaka lake, elimu yake. Katika makala haya nataka kuonyesha kwamba sinema ilikutana na jambo hilo mara tu ilipoanza kusema. Mfano wangu ni Joan Barry (1903–1989), mwigizaji wa Uingereza ambaye wengi wamesikia sauti yake bila kulijua jina lake.

Mwaka 1929 Alfred Hitchcock alikuwa akiongoza Blackmail katika studio za Elstree, karibu na London. Kazi ilianza kama filamu bubu, kisha ikaamuliwa iwe na sauti. Mwigizaji mkuu, Anny Ondra, alikuwa Mcheki, na lafudhi yake ilisikika waziwazi katika Kiingereza. Mhusika wake, Alice White, ni binti wa mwenye duka la tumbaku na magazeti mjini London. Ufundi wa kubandika sauti baada ya kupiga picha ulikuwa haujakomaa. Kwa hiyo Barry alikaa nje ya picha, mbele ya kipaza sauti, akasema maneno ya Alice, huku Ondra akichezesha midomo mbele ya kamera. Jina la Barry halikutajwa kwenye filamu.

Nikiisikiliza, naona kwamba Kiingereza cha Barry ni cha watu wa tabaka la juu, si cha binti wa dukani. Lafudhi moja isiyomfaa Alice iliondolewa, ikawekwa nyingine isiyomfaa pia, ila yenye hadhi. Mtu anaweza kujibu kwamba shida ilikuwa kueleweka tu. Sikubali: jaribio la sauti la Ondra limehifadhiwa, na maneno yake yanaeleweka.

Tazameni pia asubuhi baada ya Alice kumuua kwa kisu mwanamume aliyetaka kumbaka. Jirani anapiga porojo. Maneno yake yanafifia, neno «kisu» pekee linabaki wazi. Hapo tunasikia kwa masikio ya Alice mwenyewe. Kwa maoni yangu, ndipo sauti ya filamu inapokuwa yake kweli, bila kuazima kinywa cha mtu.

Mwaka 1931 Hitchcock alimpa Barry nafasi kuu katika Rich and Strange, kwa uso wake na sauti yake.

Sisi tunaosoma Kiswahili hapa Kongo tunalijua suala hili. Kiswahili cha Lubumbashi au cha Bukavu kinaeleweka vizuri, lakini mara nyingi msemaji hutakiwa kukificha anapopanda jukwaani. Basi tunapochambua mazungumzo ya filamu au tamthilia, tusiishie kuuliza kama lugha ni sanifu. Tuulize pia: sauti hii ni ya nani, inamfaa mhusika gani, na nani amenyamazishwa ili isikike?