Mteja anataka banda la kinyonga: pokea oda au rudisha hela?

Dada mmoja wa Pasiansi, anauza mabanda ya sungura na kuku kupitia WhatsApp, kaniandikia juzi. Kapata mteja anayetaka banda la kinyonga, "na kama unaweza nitafutie na kinyonga mwenyewe." Mteja katanguliza elfu themanini. Afanyeje?

Tuanze na kinyonga, maana hapo ndipo mtu anapofungwa. Kwa Sheria ya Uhifadhi wa Wanyamapori ya 2009, nyara ya serikali si pembe na ngozi tu, hata mnyama aliye hai imo. Kumkamata, kumfuga au kumuuza bila kibali ni kosa, hata kama umemuokota kwenye mwembe wa nyumbani kwako. Na ukiona wenzetu wa nje wanaposti vinyonga wa milima ya Usambara, usidhani ni dili: tangu Machi 2016 serikali ilisimamisha kusafirisha wanyamapori hai nje ya nchi. Halafu dada yangu, wewe upo Pasiansi! Askari wa wanyamapori wanasomea hapo hapo mtaani kwenu tangu 1966.

Banda ni habari nyingine. Hilo ni mbao na wavu, tengeneza, ila mteja akuonyeshe kibali kwanza na ubaki na nakala.

Sasa kazi yenyewe. Usimpe fundi kipimo cha banda la sungura. Kinyonga anapanda, hatembei chini, kwa hiyo banda liwe refu: urefu wa kwenda juu sm 120, upana 60, kina 60. Fremu inakula mbao mita 9.6, mlango wa mbele mita 3.6, jumla 13.2, nunua 14 maana msumeno nao unakula. Wavu ni mita za mraba 3.24, pande nne na juu. Chini weka plaiwudi.

Wavu wa kuku haufai, panzi unaomlisha watatoka wote. Tumia wavu wa dirisha, ule laini uliopakwa plastiki. Kioo kinapendeza kwenye picha lakini hewa haizunguki, na kinazuia ile miale ya jua anayoihitaji ili mifupa iwe imara. Mafundi wetu wanapenda kupaka mbao oili chafu kuzuia mchwa. Kataa kabisa.

Ndani weka matawi ya unene tofauti na mmea hai kwenye chungu, usiopuliziwa dawa. Bakuli la maji usihangaike nalo, kinyonga anakunywa matone kwenye majani. Toboa kopo kwa pini, liweke juu ya wavu lidondoshe polepole, chini tega trei. Jua la asubuhi lifike upande mmoja, mwingine ubaki kivuli. Na banda moja, kinyonga mmoja. Wawili wanasumbuana mpaka mmoja anaacha kula.

Picha ya tangazo piga banda na mmea tu.

Yule dada alimuuliza mteja kibali. Akajibiwa, "Kibali cha nini, si kinyonga tu?" Elfu themanini ikarudi jioni ile ile, na makato ya kutuma akayabeba yeye. Vipimo anavyo.