SOMO LETU: WANYAMA MARAFIKI NA VICHEKO VYA WATOTO



Umehitimu kisomo. Unasoma barua mwenyewe, unaandika jina lako, na ukiuza mazao unapiga hesabu bila kudanganywa. Hayo ni mambo makubwa. Lakini kusoma ni kama jembe: lisipotumika hushika kutu. Wapo watu waliosoma vizuri, wakapewa vyeti, kisha wakaacha kabisa kushika kitabu. Baada ya miaka michache herufi zikaanza kuwapotea.

Leo tutajifunza njia moja rahisi ya kuulinda ujuzi wako. Njia hiyo ni kuwasomea na kuwasimulia watoto wadogo hadithi za kuchekesha za wanyama marafiki. Faida yake ni mbili. Wewe hutasahau kusoma, na mtoto ataanza darasa la kwanza akiwa na maneno mengi kichwani na hamu ya kitabu moyoni.

KWA NINI WANYAMA?

Mtoto wa miaka minne hajui mambo ya mjini, lakini kuku, mbuzi na chura anawajua. Akisikia chura anaongea kama mtu, anacheka papo hapo. Tena mnyama hana ndugu kijijini. Ukisema, "Fisi alikuwa mlafi," hakuna jirani atakayekuja kukuuliza kwa nini umemsema.

Hebu soma hadithi hii fupi. Isome kwanza kimya, kisha isome kwa sauti.

TEMBO NA CHURA

Hapo zamani Tembo na Chura walikuwa marafiki. Siku moja Chura alimwalika Tembo nyumbani kwake kula ugali. Tembo akafika. Nyumba ilikuwa ndogo kama chungu.

"Karibu ndani, rafiki yangu," akasema Chura.

"Ahsante, ninaingia," akasema Tembo. Akaingiza mkonga. Mkonga ukajaa nyumba nzima.

"Karibu ndani, rafiki yangu," akasema Chura tena.

"Mbona nimeshaingia!" akasema Tembo.

Mara vumbi likamwingia Tembo puani. Akapiga chafya: "Haaa-CHAAA!" Nyumba ikaruka, ikanasa juu ya mti. Chura akabaki uwanjani ameshika sahani ya ugali. Tembo akaona haya, masikio yakamlegea.

Kabla hawajasemezana, mvua ikanyesha kubwa. Tembo akasogea polepole, akasimama juu ya Chura ili asilowe. Chura akatazama juu.

"Paa hili jipya ni zuri, halivuji," akasema. "Ila lina masikio."

"Na lina njaa pia," akajibu Tembo.

Basi wakala ugali wao pale pale.

TUICHUNGUZE HADITHI YETU

Kwanza, wanyama ni wawili tu. Ukileta wanyama saba, mtoto mdogo atawachanganya.

Pili, mmoja ni mkubwa sana na mwingine ni mdogo sana. Hapo ndipo kicheko kinapoanzia. Unaweza kutumia twiga na panya, au ng'ombe na kifaranga.

Tatu, yapo maneno yanayorudiwa: "Karibu ndani, rafiki yangu." Ukiyasema mara ya pili, watoto watayasema pamoja nawe. Usiwakataze. Hapo ndipo wanapojifunza.

Nne, kuna mlio. Chafya ya Tembo ipigwe kwelikweli! Mzazi anayeona aibu kupiga chafya ya tembo mbele ya watoto wake hawezi kuwachekesha.

Tano, Tembo alimwharibia rafiki yake nyumba, kisha akamkinga na mvua. Hilo ndilo fundisho. Usimalize kwa kusema, "Basi watoto, muwe na tabia njema." Uliza tu: "Tembo alifanya nini mvua iliponyesha? Ungekuwa wewe ungefanyaje?" Mwache mtoto afikiri na kujibu mwenyewe.

HADITHI YA WATOTO WAKUBWA KIDOGO

Si kila urafiki wa wanyama huwa mwema. Watu wengi wa pwani wanaijua hadithi ya Kima na Papa. Kima alikaa juu ya mkuyu kando ya bahari, akimrushia Papa matunda. Wakawa marafiki. Siku moja Papa akampandisha mgongoni, eti waende kutembea kwao. Walipofika kati, Papa akatoboa siri: sultani wao ni mgonjwa, na dawa yake ni moyo wa kima! Kima hakulia. Akajibu kwamba kima huacha mioyo yao mitini wanaposafiri, kwa hiyo warudi wakauchukue. Papa akaamini, akarudi. Kima akaruka mtini, na urafiki ukaishia hapo.

Hadithi hii ina umri mkubwa. Edward Steere aliiandika kama alivyosikia ikisimuliwa Unguja, akaichapa London mwaka 1870. Bara Hindi nako inasimuliwa tangu kale, na huko anayedanganywa ni mamba. Maana yake hadithi husafiri kuliko sisi. Lakini kama zisingeandikwa, nyingi zingekufa pamoja na wazee.

Hadithi hii wasimulie watoto wa miaka sita au saba. Mdogo zaidi anaweza kuogopa habari ya kutolewa moyo, akashindwa kulala.

NA HII NI YA KWELI

Watoto huuliza: "Ni kweli hiyo?" Basi wape na ya kweli. Desemba 2004 mawimbi makubwa ya tsunami yalifika pwani ya Kenya. Karibu na Malindi alionekana kiboko mtoto, yuko peke yake baharini, mama hayupo. Watu wakahangaika naye kwa nyavu mpaka wakamwokoa. Akaitwa Owen, kwa jina la mmoja wa waliomwokoa, akapelekwa Haller Park, Mombasa.

Huko alikuwako kobe mkubwa sana, aliyekisiwa kuwa na umri wa miaka 130. Jina lake Mzee. Owen akamkimbilia na kujificha nyuma yake, kama mtoto anavyojificha nyuma ya mama. Mzee hakupenda. Akafoka, akaondoka zake. Owen akamfuata. Akaondoka tena, Owen yuko nyuma! Mwishowe Mzee akakubali. Wakawa wanakula pamoja, wanaoga pamoja na kulala pamoja. Mwaka 2006 kikatoka kitabu cha watoto juu yao. Mwaka 2007 Owen alitafutiwa mwenzake wa jamii ya viboko, aitwaye Cleo, ili aishi kama kiboko.

Lakini waonye watoto: kiboko wa mtoni si rafiki wa mtu. Huua. Urafiki wa hadithi ubaki katika hadithi.

ANDIKA HADITHI ZA KWENU

Nunua daftari moja. Jioni kaa na bibi au babu, umwombe hadithi moja ya wanyama. Sikiliza yote kwanza. Kisha andika kwa sentensi fupi. Msomee uliyoandika, naye akusahihishe. Ukipata moja kila juma, kwa mwaka utakuwa na hadithi zaidi ya 50, na kitabu hicho hakikununuliwa dukani. Wajukuu zako watakisoma.

Wakati wa kuwasomea, kaa nao karibu ili waone kurasa. Pitisha kidole chini ya maneno. Dakika kumi zinatosha. Usichague hadithi inayomcheka kipofu au kilema, maana mtoto ataubeba mchezo huo mpaka shuleni.

MASWALI

1. Kwa nini Chura alisema paa lake lina masikio?
2. Kima alitumia nini kujiokoa, nguvu au akili? Eleza.
3. Owen alimfanyia Mzee nini mpaka akakubaliwa?
4. Chagua wanyama wawili, mkubwa na mdogo. Andika sentensi kumi juu ya urafiki wao. Weka mlio mmoja na maneno yanayorudiwa mara tatu.

Ukimaliza, wasomee watoto leo usiku. Wakicheka, umefaulu. Wakisema "Tena!", umefaulu zaidi.